Treni Imefika Kihonda, Mlima Bado Unashuka kwa Miguu

Tangu tarehe 14 Juni 2024, anayepanda treni ya umeme Dar es Salaam anashuka Morogoro kabla ya saa mbili kwisha. Muda kama huohuo ndio anaoutumia mama wa Choma, kijiji kilichojishikiza kwenye mabega ya Uluguru, kuteremka na tenga la ndizi mpaka sokoni. Yule wa treni amekata karibu kilomita 200. Huyu wa Choma ametoka kwenye nyumba ambayo ukisimama mjini, asubuhi isiyo na ukungu, unaliona bati lake likimeremeta.

Morogoro, mji kasoro bahari kama tunavyopenda kuuita, umekaa njia panda miaka yote. Wajerumani walianza kujenga reli ya kati kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, na mwishoni mwa 1907 reli ilikuwa imeshafika hapa. Kigoma iliifikia mwaka 1914. Pale Msamvu ndipo barabara ya Dodoma na ile ya Iringa, inayokwenda hadi Zambia, zinapoachana. Ndiyo maana ukisikia watu wanajadili usafiri wa Morogoro, mara nyingi wanamjadili mpita njia: basi la mkoani limechelewa wapi, lori limelala Mikese, treni imeondoka saa ngapi. Mwenyeji anayetaka kutoka Lukobe kwenda hospitali ya mkoa, au kuteremsha gunia la karoti kutoka Nyandira kule mlimani, hana anayemsemea. Nami naamini kwamba fedha na akili nyingi zimewekwa kwenye safari ndefu, huku safari fupi zikiachiwa kichwa cha mama na mgongo wa pikipiki.

Tuanzie stesheni, maana ndiyo mpya na ndiyo inayosifiwa, kwa haki yake. Mkataba wa kipande cha Dar es Salaam hadi Morogoro ulitiwa saini mwaka 2017 na kampuni za Yapi Merkezi ya Uturuki na Mota-Engil ya Ureno. Reli ya zamani ina upana wa mita moja; hii ina milimita 1,435, na treni yake inaweza kukimbia kilomita 160 kwa saa. Nauli ya daraja la kawaida ilipoanza ilikuwa shilingi 13,000. Paa la stesheni limechorwa kwa mfano wa milima ya Uluguru, na jua likiwa linazama ukalitazama paa lile na safu yenyewe kwa nyuma, moyo unafurahi.

Ila stesheni hiyo iko Kihonda. Stesheni yao, Wajerumani waliiweka mjini, au tuseme mji uliifuata stesheni ukajipanga kuizunguka. Abiria alishuka na sanduku lake akatembea hadi nyumba ya wageni. Reli ya mwendo kasi haiwezi kupinda kama ile. Inataka kona pana na ardhi ndefu isiyo na nyumba, kwa hiyo mhandisi akaipitisha nje, na simlaumu. Ninachouliza ni nani alipewa kazi ya kumfikiria abiria akishavuka mlango wa stesheni na kutoka nje.

Usiku mmoja wa masika nilishuka pale na treni ya mwisho niliyoweza kuipata. Nje kulikuwa na bajaji na bodaboda, na mvua ya rasharasha. Mbele yangu alikuwa mama mwenye watoto wawili na furushi. Alipoambiwa bei ya kumfikisha Mafisa alishusha pumzi akasema, “Mwanangu, kutoka Dar nimelipa elfu kumi na tatu, hapo Mafisa tu unaniambia elfu sita?” Kijana wa bajaji hakumjibu kwa kiburi. Alimwambia, “Mama yangu, nikishakupeleka narudi mtupu, na huku nimekaa tangu magharibi.” Wote wawili walikuwa wanasema kweli. Mama alikuwa anahesabu kilomita, kijana anahesabu saa za kungoja na mafuta ya kurudi bila abiria. Watu mia kadhaa wanashushwa kwa mpigo mmoja, kisha kimya mpaka treni nyingine. Chombo kidogo chenye siti tatu hakiwezi kuigeuza hali hiyo kuwa nauli nafuu, hata dereva wake awe na roho ya malaika.

Dawa yake inajulikana: gari kubwa lenye ruti maalumu, linaloondoka dakika kumi baada ya treni kusimama, lijae lisijae. Wenzetu wa Kenya waliyaona haya kabla yetu. Treni yao ya Mombasa na Nairobi ilipozinduliwa tarehe 31 Mei 2017, stesheni moja ilikuwa Miritini na nyingine Syokimau, zote mbali na katikati ya mji. Nairobi wakaitumia reli yao ya zamani kuwaleta abiria mjini, treni ikingoja treni. Si lazima sisi tuige hivyo hivyo. Hiace kumi zenye ratiba zingetosha kuanzia. Kikwazo ni kwamba ratiba ya treni iko mikononi mwa Shirika la Reli, leseni na nauli za daladala ziko LATRA, mdhibiti wa usafiri wa nchi kavu, stendi na barabara za mitaa ni za Manispaa na TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini. Kila mmoja ana kipande chake, na abiria anapita kwenye nyufa za katikati.

Kuhusu mabasi ya mikoani sitasema mengi. Stendi ya Msamvu inayahudumia, yapo mengi, yanashindana, na ushindani umeyafanya yawe na adabu kuliko zamani. Treni imeyanyang'anya abiria wa Dar na Dodoma. Tuingie mjini.

Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu watu 315,866 katika Manispaa ya Morogoro. Ya mwaka 2022 ilihesabu 471,409. Hao zaidi ya laki moja na nusu walioongezeka wamekwenda kuishi wapi? Jibu liko kwenye umbo la ardhi. Mji mkongwe, boma, masoko, hospitali na ofisi vimejibana kwenye miguu ya mlima. Upande wa kusini hauna pa kwenda, Uluguru imesimama kama ukuta. Kwa hiyo mji unakua upande mmoja tu, kuelekea tambarare: Kihonda, Mkundi, Lukobe, Tungi. Mji wa kawaida hukua kama duara, na mtu wa pembeni huwa karibu sawa na mwenzake wa pembeni nyingine. Morogoro umekua kama feni ya mkono, mshikio uko mlimani, na kila anayetafuta riziki au daktari inambidi aurudie mshikio. Katikati ya safari hiyo anakutana na barabara kuu yenye malori ya nchi nne au tano. Mpango wowote wa usafiri usioanza na umbo hili utakuwa mpango wa mji mwingine.

Daladala zetu nyingi ni Hiace. Nyingi zinaanzia au kupitia mjini na kwenda Kihonda, Mazimbu, Bigwa, Kilakala, na kule Mzumbe kwa wanachuo. Anayeishi Mkundi na kufanya kazi Mazimbu analazimika kuvuta mstari hadi katikati halafu kutoka tena, nauli mbili, wakati kwenye ramani maeneo hayo yanatazamana. Ikifika jioni kunaongezeka kero ya kukatisha ruti. Konda anaita Mkundi, gari linajaa, lakini mbele kidogo abiria wamepungua na barabara ni mbovu, basi dereva anageuza. Mnashushwa gizani mkitafuta pikipiki.

Ni rahisi kumtukana dereva. Lakini dereva wa daladala, na hasa deiwaka aliyeachiwa gari kwa siku moja, haishi kwa mshahara. Anaishi kwa kile kinachobaki baada ya hesabu ya tajiri na mafuta. Kila dakika anayomaliza ruti akiwa na viti vitupu inatoka mfukoni mwake. Ndiyo sababu hiyohiyo inayomfanya mwanafunzi aachwe kituoni. Mwishoni mwa 2023 nauli ya daladala kwa safari isiyozidi kilomita 10 ilipandishwa kutoka shilingi 500 hadi 600, na mwanafunzi akabaki na 200 yake. Mimi naunga mkono kwa moyo wote mtoto kulipa 200. Ninachokipinga ni kwamba pengo la shilingi 400 tumelitupa kwa konda, tukamwambia alibebe kwa huruma. Serikali imeamua mtoto asafiri kwa bei nafuu. Basi serikali ndiyo ichangie pengo hilo, kwa ruzuku au kwa kupunguza tozo za gari linalobeba wanafunzi. Mpaka hapo watoto wa Kihonda wenye sare wataendelea kukimbilia milango inayofungwa usoni mwao.

Palipoachwa na daladala, bodaboda imeingia. Neno lenyewe lilizaliwa Busia, mpakani mwa Uganda na Kenya, kwa baiskeli zilizovusha watu kutoka mpaka hadi mpaka. Morogoro nayo ilikuwa mji wa baiskeli. Watu wazima wanakumbuka, na wataalamu waliona: katika miaka ya 1990, mradi wa majaribio wa kuboresha njia za waenda kwa miguu na baiskeli uliichagua Morogoro pamoja na Temeke kwa upande wa Tanzania, na Nairobi na Eldoret kwa upande wa Kenya. Tambarare yetu inafaa baiskeli kuliko miji mingi. Lakini njia hizo hazikupanuliwa mji ulipopanuka, na leo anayeendesha baiskeli kwenda Kihonda anagombania ukingo wa lami na lori.

Pikipiki imeokoa maisha na imechukua maisha. Hakuna mtu wa Morogoro anayeweza kuandika juu yake bila kuitaja tarehe 10 Agosti 2019, pale karibu na Msamvu, lori la mafuta lilipoanguka na kulipuka likaua watu zaidi ya 100. Miongoni mwao walikuwa vijana wengi wa bodaboda. Walikuwa hapo kwa sababu hapo ndipo kijiwe chao kilipo, pembeni mwa stendi na barabara kuu, wakingoja wateja. Tumezungumza sana kuhusu kosa la kuchota mafuta. Tuzungumze pia jinsi usafiri wa mji mzima ulivyo mabegani mwa vijana wa umri ule, wengi wao kwenye pikipiki za mkataba wanazolipia kila siku, wasio na bima ya afya, wanaobeba mishikaki kwa kuwa abiria wawili wakichangia ndipo wote watatu wanapata nafuu.

Sasa tupande mlima, maana huko ndiko moyo wangu uliko katika jambo hili.

Uluguru ina nyuso tatu kwa msafiri. Uso wa kwanza ni huu unaotazama mji: Choma, Ruvuma, Towelo, Mbete. Huku njia ni za miguu, na zimekuwa hivyo tangu enzi za Wajerumani waliojijengea nyumba yao ya Morning Side wapate baridi. Uso wa pili ni wa magharibi, tarafa ya Mgeta, inayofikiwa kwa kuacha barabara ya Iringa na kupitia Mlali. Ndiko kunakotoka kabichi, karoti, viazi na matunda ya nchi za baridi. Uso wa tatu ni wa mashariki, kwa barabara ya Bigwa kuelekea Kisaki: Kinole na ndizi zake na viungo, Matombo, Mvuha. Katikati kuna msitu wa hifadhi na vilele, Kimhandu ukiwa mrefu kuliko vyote kwa mita 2,630. Kutoka uso mmoja kwenda mwingine kwa gari ni kuzunguka mlima mzima. Kwa miguu watu wanakata katikati, na wamefanya hivyo vizazi na vizazi.

Kwa hiyo huku umbali haupimwi kwa kilomita. Ukimuuliza mtu wa Mgeta ni mbali kiasi gani, atakuuliza kwanza kama mvua imenyesha. Kiangazi bodaboda inapanda karibu kila mahali, na vijana wa huko wana ustadi ambao sijauona kwingine: wanafunga magunia nyuma, wanazima injini kwenye mteremko kuokoa mafuta, wanashuka kwa breki na kwa visigino. Masika udongo mwekundu unakuwa kama sabuni. Lori linakwama kwenye kona moja, na nyuma yake mazao ya kata nzima yanaanza kulainika.

Hapa ndipo usafiri unapogusa sufuria. Mwenye lori anatoza kwa gunia. Kwa kuwa anatoza kwa gunia na si kwa uzito, mnunuzi anataka gunia lisheheni, lishonewe kilemba juu: lumbesa. Sheria ya vipimo inakataza, Wakala wa Vipimo hukamata wafanyabiashara, na bado lumbesa ipo. Nimeshaona mkulima wa Nyandira akiongeza karoti juu ya gunia lililokwisha kujaa, akizisukuma kwa kiganja, huku mnunuzi amesimama na sindano ya kushonea. Hakulalamika. Alijua kwamba akikataa, mnunuzi ataenda kwa jirani, na kesho karoti zake zitakuwa zimenyauka kwa sababu hakuna gari jingine. Watu huliona hilo kama suala la ulaghai wa mizani tu. Kwa ninavyoelewa mimi, lumbesa ni nauli iliyofichwa. Barabara ikipitika mwaka mzima na magari yakawa matano badala ya moja, mkulima atakuwa na ubavu wa kusema gunia limejaa.

Kwa upande wa mashariki nina maumivu ya namna nyingine. Februari 2021 Rais Magufuli alizindua Soko Kuu jipya la Morogoro, nalo likaitwa Soko la Chifu Kingalu. Kingalu ni jina la machifu wa Waluguru wa Kinole. Ni heshima kubwa, na nilifurahi. Lakini mkungu wa ndizi unaotoka Kinole kwenda kwenye soko lenye jina la chifu wa Kinole bado unaanza safari kichwani. Unashuka hadi penye gari, unasubiri, unapandishwa kwenye gari lililojaa watu na kuku, na ukifika sokoni umeshapokonywa sehemu kubwa ya bei yake na wabebaji wa kati. Waluguru hufuata ukoo wa mama, na shamba mara nyingi ni la ukoo huo. Mwenye shamba, mwenye mzigo na mwenye kichwa cha kubebea ni mtu yuleyule.

Na kuna mzigo usioweza kungoja. Mwaka 2022 serikali ilitangaza kuupeleka nchi nzima mfumo wa m-mama: mjamzito au mzazi akipata dharura, namba 115 inapigwa bila malipo, na kama gari la wagonjwa halipo karibu, dereva wa kijijini aliyesajiliwa anatumwa na kulipwa kwa simu. Ni moja ya fikra bora kuwahi kuingia kwenye usafiri wa nchi hii, kwa sababu inalipia safari badala ya kununua gari litakaloharibika. Lakini dereva aliyesajiliwa anafika mwisho wa barabara. Kutoka kitandani hadi hapo, mama anabebwa kwa machela, wanaume wanne wakipokezana, wawili wakitangulia na tochi.

Haya yote yanawahusu hata wasiowahi kukanyaga Morogoro. Mito ya Uluguru ndiyo inayoujaza mto Ruvu, na Ruvu ndio unaonywewa na sehemu kubwa ya Dar es Salaam kupitia mitambo ya Ruvu Juu na Ruvu Chini. Kabichi ya Mgeta inaliwa Kariakoo. Mlima unapeleka maji, unapeleka chakula, na treni inayopita mbele yake inawabeba walaji na wanywaji. Kinachorudi mlimani ni kidogo mno.

Sidai lami mpaka Lukwangule, kwenye uwanda wa juu kabisa wa mlima. Barabara kubwa ndani ya msitu ule ingeuua, na mito ingekwenda nayo. Kinachohitajika ni kidogo na kimetawanyika, ndiyo maana hakina wa kukata utepe. TARURA, tangu ilipoanzishwa mwaka 2017, imejifunza kujenga madaraja ya mawe, hasa kule Kigoma, kwa gharama ndogo kuliko ya zege na nondo; Uluguru mawe yamejaa na mafundi wa kuyachonga wapo. Vipande vya mwinuko mkali, mita hamsini hapa, mita themanini pale, vikimwagiwa zege au kupangwa mawe, barabara nzima inakuwa ya mwaka mzima, kwa sababu gari hukwama penye vipande hivyo tu. Vijito vya njia za miguu vinahitaji vivuko vyenye kingo za kushika. Chini mjini panahitajika kituo cha mazao karibu na pale njia za mlimani zinapoingia, penye kivuli na maji, ili mzigo wa kichwani usivuke mji mzima saa mbili asubuhi katikati ya bajaji.

Mara ya mwisho nilipopanda kuelekea Choma niligundua kitu ambacho nilikipita mara nyingi bila kukiona. Kwenye njia ile kuna mawe makubwa, yamepishana kwa umbali wa kuchosha pumzi, na vichwa vyake vimelainika na kung'aa. Yote yana kimo cha bega la mwanamke. Mama mmoja mtu mzima aliyekuwa anashuka alisogea kwenye jiwe, akainamisha shingo kidogo, na tenga likahama kutoka kichwani hadi juu ya jiwe bila mtu kumsaidia. Alijifuta uso kwa ncha ya kanga. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, akaniambia kwamba bibi yake alimwonyesha mawe yale yote akiwa msichana, moja moja, na jiwe hili ndilo la mwisho, baada yake hakuna kutua mpaka mjini. Kisha akaikunja upya ngata yake, akaniomba nimtwike, na kabla hajaondoka akaniuliza kama huko chini mvua imeshaanza.